Kesi ya jinai ikiwa katikati, kwa nini Mahakama Kuu mara nyingi haiifuti

Wateja wengi wenye kesi za jinai huingia ofisini kwetu hapa Dodoma na ombi moja: "Wakili, twende Mahakama Kuu waifute." Baadhi yao wameshaahidiwa na mtu wa mtaani kwamba ni jambo la wiki mbili tu. Tunaandika haya ili usiuze ng'ombe kugharamia maombi yatakayotupwa.

Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, ilirekebishwa mwaka 2002. Tangu hapo, uamuzi mdogo wa mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi, yaani ule unaotolewa kesi ikiwa bado inaendelea, haukatiwi rufaa wala kuombewa marejeo (kupitiwa upya na mahakama ya juu), isipokuwa uwe umemaliza kabisa shitaka lenyewe. Hakimu akitupa pingamizi lako, akipokea kielelezo ulichokikataa au akiahirisha shauri, shitaka bado lipo palepale. Ukipanda juu utaambiwa urudi ukaendelee na kesi. Kutoka Mahakama Kuu kwenda Mahakama ya Rufani nako kuna katazo la namna hiyohiyo.

Sababu nyingine ni ushahidi. Chukua mfanyabiashara wa mahindi Kibaigwa aliyepokea fedha, mzigo ukachelewa, akajikuta ameshitakiwa kujipatia fedha kwa udanganyifu. Yeye anasema hili ni deni tu, liende mahakama ya madai. Huenda ni kweli kabisa. Lakini kama alikusudia kudanganya tangu siku ya kupokea fedha au alikwama tu na usafiri, hilo hujulikana kwa mashahidi, na jaji wa Mahakama Kuu bado hajawasikia. Akiamua kwa kusoma viapo tu, yaani maelezo ya maandishi yaliyoapiwa, atakuwa amefanya kazi ya hakimu kabla ya hakimu.

Linalotuuma zaidi ni gharama ya kukosea njia. Maombi yakifunguliwa, jalada linaweza kuitwa Mahakama Kuu, na kesi ya chini ikasimama. Aliye nje kwa dhamana atavumilia. Aliyeko mahabusu katika gereza la Isanga anazidi kukaa ndani, na familia inaendelea kulipa nauli na wakili kwa maombi ambayo hayakugusa shitaka lake hata kidogo.

Zipo kesi ambazo mahakama za juu huingilia kweli, hasa pale mahakama ya chini inapokuwa haina mamlaka. Makosa ya uhujumu uchumi, yakiwemo ya nyara za Serikali kama meno ya tembo, yanahitaji kibali cha Mkurugenzi wa Mashtaka, yaani DPP. Yakisikilizwa mahakama ya chini yanahitaji pia hati yake ya kuipa mahakama hiyo mamlaka. Mahakama ya Rufani imeshabatilisha mienendo, yaani yote yaliyofanyika katika kesi, kwa kukosekana hati hizo. Kwa hiyo kesi ya aina hiyo ikitufikia, hizo ndizo karatasi tunazozitafuta kwanza. Ila elewa kwamba kubatilishwa kwa mwenendo si kuachiwa huru moja kwa moja. Kesi inaweza kuanzishwa upya.

Kuhusu kufungua shauri la kikatiba, Sheria ya Haki na Wajibu Muhimu, Sura ya 3, inaizuia Mahakama Kuu kutumia mamlaka hayo pale unapokuwa na njia nyingine ya kutosha ya kupata haki yako. Na njia hizo mara nyingi zipo.

Ukituletea kesi, tunaomba nakala ya hati ya mashtaka kabla ya kuzungumza ada. Kama haisemi wazi unatuhumiwa nini, tunaipinga hapohapo kwa hakimu, tukikueleza mapema kwamba upande wa mashtaka unaweza kuruhusiwa kuirekebisha. Dhamana tunaifuatilia mapema. Kama ushahidi ni hafifu, tunamwandikia DPP, kwa kuwa yeye ana mamlaka ya kuiondoa kesi wakati wowote kabla ya hukumu. Upande wa mashtaka ukifunga ushahidi wake, tunaiomba mahakama iseme kwamba huna kesi ya kujibu, na hapo ndipo mfanyabiashara wetu wa mahindi ana nafasi nzuri ya kuachiwa.

Kila pingamizi tunahakikisha limeandikwa kwenye mwenendo wa shauri, hata likikataliwa, kwa sababu linaweza kuwa sababu ya rufaa. Ukitiwa hatiani mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi, notisi ya rufaa kwenda Mahakama Kuu hutolewa ndani ya siku 10 na rufaa yenyewe ndani ya siku 45, bila kuhesabu muda wa kusubiri nakala za hukumu na mwenendo. Ziombe nakala hizo kwa barua siku hiyohiyo ya hukumu, na kopi yake igongwe muhuri wa mahakama.