Watazamaji wa tamthilia za muziki si wavivu

Mhariri,

Mwandishi wenu anasema tamthilia za muziki zinajaza kumbi kwa sababu watazamaji wa siku hizi ni wavivu wa kufikiri. Amewaonea. The Phantom of the Opera, tamthilia ya muziki, ilidumu Broadway, kwenye kumbi kubwa za maigizo za New York, kuanzia 1988 hadi 2023. Miaka 35 haibebwi na wavivu. Broadway inategemea sana watalii, na asiyejua Kiingereza vizuri akipitwa na mzaha mmoja kwenye tamthilia ya kawaida, amepotea. Kwenye muziki, sauti ikipanda na taa zikififia, anajua fika kwamba mtu kaachwa. Tena nyimbo huzisikia hata kabla ya kukata tiketi. Mazungumzo nani huyapigia mluzi njiani?

Asichokitaja ni gharama. Okestra, wanenguaji, mavazi: maonyesho mengi ya muziki hufungwa kabla ya kurudisha mtaji. Tamthilia ya waigizaji wanne na meza moja huweza kulipa mapema, hasa akiwemo nyota wa filamu (hapo, tuseme kweli, watu humfuata nyota). Na The Mousetrap, ambayo si ya muziki, ilianza London mwaka 1952. Korona ndiyo iliyoisimamisha, na bado ikarudi jukwaani 2021.

Msomaji wenu