Siji Nyali, mwanangu

Mwanangu mpenzi,

Assalamu alaykum. Ujumbe wako wa sauti nimeusikia, hata jirani nimemsikilizisha. Akanambia, "Mzee, huyu mtoto akupenda." Hilo nalijua. Lakini kuhamia kwako Nyali, kama ulivyoniomba, siji.

Wewe umezaliwa Mombasa, ugeni huujui. Mimi nilikuja kuvua kutoka Pemba ningali kijana, na mpaka 2023, serikali ilipotutambua Wapemba kuwa Wakenya, niliishi kwa kujibanza. Hata laini ya simu imesajiliwa kwa jina lako. Sasa nina kitambulisho changu. SHA, bima ya afya ya serikali, nimejisajili mwenyewe, na zile shilingi 2,000 za serikali kwa wazee kila mwezi nimejiandikisha, nangoja. Leo nihame Likoni nikawe mgeni tena, askari wa geti aniulize naenda kwa nani?

Kwamba nahitaji mtu, sibishi. Sukari imenifisha nyayo. Kile kidonda ulichokiona chini ya kidole ni msumari wa kiatu, nami nilitembea nao mpaka msikitini na kurudi bila kuhisi kitu. Daktari amesema nyayo zikaguliwe kila siku, na mimi kuinama siwezi.

Ila yule dada uliyemleta, ingawa ni mwema na uji wake mzuri, hawezi kuniogesha. Si maharimu yangu. Niliingia bafuni na kikoi kiunoni, yeye kasimama mlangoni kageuka ukutani, ananipa kata ya maji kwa mkono wa nyuma. Maji yote yakaishia kwenye kikoi, sabuni ikanikaukia mapajani, nikaswali Adhuhuri najikuna. Haya ndiyo matunzo?

Nitafutie mwanamume. Yule kijana wa jirani aliyemuuguza babu yake hana kazi, na kushika mgonjwa anajua. Mpe hizo hizo unazomlipa dada. Aje asubuhi na jioni, na siku ya kliniki tuvuke pamoja. Feri kwa miguu hatulipi.

Wasemao umenitupa, waache waseme. Hawaniogeshi wao.

Choo nacho kinanishinda magoti. Kuna kiti cha plastiki chenye tundu, huwekwa juu ya choo cha kuchuchumaa, ninunulie. Na Jumamosi ukivuka, njoo na fundi atie chuma cha kushikia ukutani, upande wa kulia. Saruji ninayo.

Wasalaam,
Babako