Mwanangu, Mtazame Smoktunovsky

Mwanangu Neema,

Salamu. Umetaka nikutajie mwigizaji wa kumtazama kabla hujaanza mazoezi ya jukwaa. Mtazame Mrusi, Innokenty Smoktunovsky. Ila usianze na Hamlet yake, ile tamthilia ya Shakespeare, kama wafanyavyo wengi. Anza na filamu ya vita ya mwaka 1956, Askari, ambamo yeye ni Luteni Farber, mtu mpole katikati ya mapigano ya Stalingrad. Angalia macho tu. Georgy Tovstonogov, aliyeongoza ukumbi wa Bolshoi Drama kule Leningrad, aliyaona macho hayo akajua amempata mtu wa kumcheza Myshkin jukwaani, yule muungwana mnyofu wa riwaya ya Dostoevsky.

Upole ule haukutoka chuoni. Alizaliwa 1925 katika kijiji cha Tatyanovka, Siberia. Mwaka 1943 alipelekwa vitani, akatekwa na Wajerumani, akatoroka. Zama za Stalin, aliyewahi kutekwa alishukiwa hata kama alirudi kupigana, basi akaona heri akae mbali: Norilsk, kaskazini kwenye baridi kali, kwenye kikundi cha maigizo kilichokuwa na wafungwa na waliohamishwa kwa nguvu. Huko ndiko jina lake, Smoktunovich, lilipogeuka Smoktunovsky. Baadaye Makhachkala, kisha Stalingrad. Alipofika Moscow mwaka 1955 hakuna aliyekuwa akimngoja.

Mazoezi ya Myshkin yalimshinda kwanza. Maneno aliyajua, mwili haukuyajua. Mwenyewe alisimulia kwamba siku moja, kwenye studio ya filamu ya Lenfilm, watu wakipishana mbiombio, alimwona mtu amesimama anasoma kitabu kana kwamba yuko peke yake duniani. Akauchukua utulivu ule: shingo, mgongo, namna ya kusimama. Sauti ikafuata yenyewe. Onyesho la kwanza lilikuwa tarehe 31 Desemba 1957, na tangu hapo nchi nzima ikamjua.

Hapa ndipo wanafunzi wanapokosea. Wanaiga sauti yake laini, na wakishusha sauti wanashusha na pumzi. Mwisho wa sentensi unamezwa. Kwenye filamu maikrofoni itakuokoa. Ukumbini, safu ya nyuma haitasikia kitu. Shusha sauti, pumzi ibaki imejaa mbavuni, na herufi za mwisho zitamkwe wazi.

Sasa Hamlet ya Grigori Kozintsev, 1964. Itazame mara mbili. Mara ya kwanza ondoa sauti kabisa. Mara ya pili, rudi penye filimbi, anapowasihi rafiki zake wawili wa uongo waipige, nao hawawezi. Hasira yote imebanwa chini ya adabu. Hotuba ya “kuwa au kutokuwa” anaiwaza akitembea ufukweni, midomo imefumba, na bado uso unasema. Jaribu hivyo mbele ya kioo, utaona unavyoanza kukunja nyuso ovyo.

Kisha tazama Jihadhari na Gari ya Eldar Ryazanov, 1966. Ni Detochkin, wakala wa bima anayeiba magari ya wala rushwa, kuyauza na kuzipeleka fedha kwa watoto yatima. Jioni huigiza na kikundi cha ridhaa, na unadhani wanaigiza nini? Hamlet! Miaka miwili tu baada ya Kozintsev, mtu yuleyule anamcheza Hamlet kupitia mtu mwingine kabisa. Weka vipande hivyo viwili sambamba. Sijui darasa bora kuliko hilo.

Porfiry, mpelelezi wa filamu Uhalifu na Adhabu, 1970, mtazame mikono. Kwenye filamu Kioo ya Tarkovsky, 1975, humwoni kabisa, unamsikia tu akisimulia, fumba macho. Ya jukwaani, Tsar Fyodor kwenye ukumbi wa Maly mwaka 1973 na Ivanov wa Chekhov pale Moscow Art mwaka 1976, hayo soma tu habari zake. Alifariki mwaka 1994.

Ukitafuta nakala, hakikisha sauti ni ya Kirusi na tafsiri imeandikwa chini. Zipo zilizobandikwa sauti za watu wengine, hizo acha.

Mama yako