Barua ya wazi kwa wanandoa wa ukoo wetu mlioko Marekani

Wanangu, salaam.

Nilipokuja huko kumhudumia mkwe aliyejifungua, alinifungulia kwenye televisheni opera fupi, yaani mchezo wa jukwaani unaoimbwa, haifiki saa moja: Trouble in Tahiti ya mtunzi Mmarekani Leonard Bernstein, iliyooneshwa mara ya kwanza Juni 1952. Alikuwa akinitafsiria huku ananyonyesha. Waimbaji watatu wanasifia nyumba nyeupe ndogo za vitongojini. Nikachungulia dirishani, nikaona nyumba zile zile.

Bernstein alianza kuitunga akiwa fungate, mwaka 1951. Mume wa kwenye mchezo akampa jina la baba yake yeye Bernstein, Sam. Nadhani alikuwa na hofu ya kuyarudia ya ndoa ya wazazi wake.

Sam na mkewe Dinah hawakosi chakula wala paa. Kilichonikata maini ni mchana ule wanapokutana barabarani kwa bahati tu. Kila mmoja anamdanganya mwenzake kwamba ana mtu wa kula naye, kisha wanaachana. Hakuna tusi wala kofi. Walichoogopa ni kukaa meza moja.

Nililia, kwa kuwa nayajua. Mwaka tulionuniana na marehemu baba yenu, nilimwona Magomeni nje ya duka la dawa, ameshika mfuko wa karatasi. Nikavuka barabara asinione. Usiku nikamkuta anatetemeka kwa homa. Hakuniambia dawa ni za nini, nami sikuuliza. Hadi leo mfuko ule nauona.

Wanangu, sisemi msigombane. Gombaneni, ila mezani, mkiangaliana. Ukijiona umeanza kumkwepa mwenzako, mwambie siku hiyo hiyo, hata kama maneno hayajakaa sawa. Msingoje kikao cha wazee kwa simu. Tuko mbali, tutasikia ya upande mmoja tu, na tutawaharibia.

Halafu watoto. Junior, mtoto wa Sam na Dinah, hatumwoni jukwaani hata mara moja. Siku hiyo ana igizo shuleni. Baba kaenda kwenye mashindano ya mchezo wake, mama naye hakwenda. Jioni wanatoka pamoja kwenda sinema, filamu ambayo Dinah ameshaiona mchana, na hasemi.

Nasikia Ijumaa wajukuu wana igizo. Nendeni wote wawili, mkae viti vya jirani. Mkirudi nipigieni, hata kama huku ni alfajiri, kila mmoja anieleze alichokiona.

Mama yenu