Wazee wetu warekodiwe wangali hai

Ndugu Mhariri,

Watu huzisema enzi za kabla ya maandishi kana kwamba zilikuwa giza tupu. Mimi nimelelewa Newala na bibi asiyejua kusoma, na gizani hakuwahi kuwa.

Jioni, akibangua korosho, vidole vimekuwa vyeusi kwa mafuta ya maganda, alitusimulia asili ya Wamakonde. Mtu wa kwanza alichonga sanamu ya mti, akaisimamisha. Kulipokucha akaikuta imekuwa mwanamke. Mtoto wao wa kwanza alizaliwa mtoni, akafa. Wakapanda juu kidogo, wa pili naye akafa. Wa tatu alizaliwa juu kabisa uwandani, akaishi.

Hebu tazama kilichomo. Mabondeni kuna mbu na homa, usijenge huko! Ni somo la afya lililofungwa ndani ya hadithi ili mtoto asilisahau. Na watu walilishika: mama zetu waliteremka genge kufuata maji na kupanda nayo kichwani, lakini hawakuhamia mtoni. Mjerumani Karl Weule aliiandika simulizi hii alipofika huku mwaka 1906.

Bibi alipofariki, niligundua nayajua majina manne tu ya mama zake wa ukoo. Yeye aliyataja bila kusita mpaka tukasinzia.

Nawaomba walimu wa Mtwara na Lindi: likizo hii watumeni wanafunzi wawarekodi wazee kwa simu, kwa Kimakonde, Kimwera au Kiyao, na wasiwakatize.

Msomaji wako,
Newala, Mtwara