Barua ya Wazi kwa Waziri wa Elimu: Tuachie Dunia Yetu Yenye Miezi Miwili

Mheshimiwa Waziri,

Mimi ni mwalimu wa hisabati katika shule ya msingi. Muhula uliopita mkaguzi aliingia darasani kwangu akakuta nimechora ubaoni jua moja, dunia moja na miezi miwili. Alifungua andalio langu la somo, akalipiga mstari mwekundu na kuandika pembeni kwamba hiyo ni hadithi, si hisabati. Sikupata nafasi ya kumjibu, kwa kuwa alikuwa akikimbilia shule nyingine. Namjibu leo mbele yako, maana yeye alifuata mtaala, na mtaala uko mikononi mwako.

Dunia ile tuliitunga wenyewe. Mwezi mkubwa huandama kila baada ya siku 32, mdogo kila baada ya siku 12, na mwaka una siku 388. Niliwapa wanafunzi tarakimu hizo tatu tu, nikawaambia wawatungie wakazi wake kalenda.

Swali la kwanza lilikuja hata sijaweka chaki chini: "Mwalimu, wakisema mwezi ujao, ni mwezi upi?" Kiswahili kina neno moja kwa kinachong'aa angani na tunachokihesabu ukutani, na watoto wengi hawakuwahi kujiuliza kwa nini. Siku ile walielewa kwamba mwezi wa kalenda ulizaliwa na mwezi wa angani. Wakakubaliana: siku 32 ziitwe mwezi, siku 12 ziitwe kijimwezi.

Kisha wakataka kujua miezi hiyo huandama pamoja lini. Hapo Kigawe Kidogo cha Shirika, yaani namba ndogo kuliko zote inayogawanyika kwa namba zote mbili bila baki, ambacho kila mwaka nakifundisha kwa jasho na kusahaulika baada ya mtihani, kilitafutwa na watoto wenyewe. Jibu ni siku 96. Mwanafunzi mmoja alikuwa amekwisha kuchora jalada la daftari lake, miezi miwili mipevu juu ya bahari. Jirani yake akakaa kuhesabu, akamwonyesha kwamba usiku huo hautakuja kamwe: mkubwa hupevuka siku ya 16, ya 48 na ya 80, mdogo siku ya 6, ya 18, ya 30 na kuendelea kila baada ya 12, na orodha hizo mbili hazikutani popote katika siku 96. Akaifuta picha yake akachora upya. Mheshimiwa, nimefundisha miaka mingi, na sijaona mtoto mwingine akifuta kazi nzuri kwa sababu hesabu imemwambia haiwezekani.

Ugomvi wenyewe uliletwa na siku nne. Siku 96 mara nne ni 384, yaani miezi 12 kamili na vijimwezi 32 kamili. Mwaka una siku 388. Zile nne zilizobaki ni za nani? Kundi moja lilisema zikusanywe, kila miaka minane uongezwe mwezi mmoja wa siku 32. Vizuri, ila siku 32 hazigawanyiki kwa 12, na kijimwezi kikapotea njia. Kundi la pili likaongeza kijimwezi kila miaka mitatu. Mwezi mkubwa ukaachwa nyuma. Kundi la tatu likangoja miaka 24 liongeze siku 96 kwa mkupuo, miezi yote miwili ikaridhika. Ndipo binti mmoja aliyekuwa kimya muda wote akauliza wakulima wa dunia ile watapanda lini, kwa sababu kufikia mwisho wa mwaka wa 23 majira yatakuwa yameteleza kwa siku 92.

Ugomvi huohuo ni wetu. Mwezi wetu huandama kila siku 29 na nusu hivi, mwaka wa jua una siku 365 na karibu robo, na hiki hakigawanyiki kwa kile. Kalenda ya Kiislamu iliufuata mwezi, mwaka wake ukawa wa siku 354 au 355. Kalenda ya Kiyahudi huongeza miezi 7 katika kila miaka 19 ili kuridhisha pande zote. Kalenda iliyoning'inia ofisini kwako ililifuata jua, na hata hivyo ilikosea: mwaka 1582 Papa Gregori wa 13 alilazimika kuruka siku kumi, siku iliyofuata tarehe 4 Oktoba ikawa tarehe 15. Nilipowasimulia hayo, darasa halikushangaa. Waliuliza tu ni kundi gani lilishindwa.

Wala miezi miwili si ndoto tupu. Sayari ya Mirihi inayo miwili, iliyogunduliwa mwaka 1877, na mmoja, Phobos, huizunguka sayari kwa muda usiofika saa nane, kasi iliyopita ya Mirihi kujizungusha, kiasi kwamba ukiwa huko ungeuona ukichomoza magharibi.

Ninachoomba ni kidogo. Katika mada ya vigawe, mtaala umruhusu mwalimu kutumia vipindi vinne kwa kalenda ya kutunga, na fomu ya ukaguzi iwe na mahali pa kuandika kwamba kazi hiyo ni somo. Tarakimu achague kila mwalimu; zangu si bora kuliko za mwingine. Ila nasihi zisigawanyike bila baki. Ukimpa mtoto mwaka wa siku 384, atamaliza kazi kwa dakika kumi na hatagombana na mtu.

Kalenda yetu bado iko ukutani, na safu ya zile siku nne iko tupu. Makundi matatu hayajapatana. Ukipata wasaa wa kututembelea, watakuuliza wewe uko upande gani, nao watataka uwaonyeshe hesabu.

Wako katika kazi,
Mwalimu wa hisabati, darasa la sita