Mpwa wangu, kila jina huja na kitenzi chake

Mpwa wangu mpendwa,

Salamu nyingi kutoka Nakuru. Nimesikia umepewa kazi ya kuandaa mabango, fulana na kauli mbiu za mgombea wa kiti cha mwakilishi wadi hapo Kisumu, kura ya Agosti 10, 2027, na kwamba kinachokukosesha usingizi ni rangi. Rangi utaipata. Naomba tuanze na neno, kwa sababu neno utakalochapa litawafikiria watu kabla wao hawajakaa kufikiri.

Picha yoyote ya siasa ni nomino, na nomino haitembei peke yake. Huja na kitenzi mfukoni. Ukimwita mtu doa, huna haja ya kuongeza lolote, maana kila aliyewahi kufua nguo anajua doa hufanywa nini.

Neno madoadoa limetumika huku Bonde la Ufa tangu mapigano ya mwanzoni mwa miaka ya 1990, likielekezwa kwa jamii zilizohesabiwa kuwa za kuja. Sikiliza sarufi yake. Mtu yumo katika ngeli ya A-WA: watu wanaishi, watu wanalima. Madoadoa yamo katika LI-YA: madoadoa yaondolewe. Kiambishi kimoja kimebadilika na jirani amehamishwa kutoka safu ya binadamu hadi safu ya mawe na makaratasi. Kwekwe nalo lina kitenzi chake, kung'oa. Mende sarufi inamwachia A-WA kwa kuwa ana uhai, lakini mende hupuliziwa dawa. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007 Tume ya Waki, iliyochunguza ghasia zilizofuata, ilihesabu vifo 1,133, na Nakuru ilikuwa miongoni mwa maeneo yaliyoumia zaidi. Sisemi neno liliua peke yake. Kulikuwa na mizozo ya ardhi ya miaka mingi, kulikuwa na matokeo yaliyotiliwa shaka. Lakini kijana anayetumwa kumfukuza mtu waliyechota naye maji bomba moja lazima kwanza aache kumwona, na kazi hiyo hufanywa na neno, miezi kadhaa kabla ya mtu yeyote kushika jiwe.

Ndiyo maana Aprili 2022 Tume ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa iliyaweka maneno hayo matatu katika orodha yake ya lugha ya chuki. Sheria ya mwaka 2008 inayokataza lugha hiyo inaweka faini isiyozidi shilingi milioni 1, au kifungo kisichozidi miaka 3, au vyote viwili. Usiiogope sheria tu, mpwa wangu. Waogopee wale watu.

Utaniambia wewe huna nia ya kumtukana mtu, unataka picha safi. Basi tazama picha iliyokuwa safi kuliko zote. Katika kura ya maoni ya 2005, Tume ya Uchaguzi ilichagua matunda mawili yasiyo na historia yoyote ya siasa: ndizi kwa Ndiyo, chungwa kwa Hapana. Kilichokuwa kikiamuliwa ni rasimu nzima ya katiba, mzozo mkubwa ukiwa juu ya mamlaka ya rais na waziri mkuu. Mitaani swali likawa: wewe ni chungwa au ndizi? Kiangalie kitenzi. Ni. Mtu hakuulizwa anakubali kifungu gani, aliulizwa yeye ni nani, na akishajibu hilo, kubadili mawazo kunakuwa usaliti. Novemba 21 chungwa lilishinda kwa takriban asilimia 58, kisha tunda likawa chama, ODM, na unajua wewe mwenyewe lilivyokita mizizi huko Nyanza. Mwaka 2010, katika kura nyingine ya maoni juu ya katiba, zikatumika rangi, kijani kwa Ndiyo na nyekundu kwa Hapana. Ndiyo ilipata kiasi cha thuluthi mbili kwa sababu nyingi, wala siwezi kuipa rangi sifa yote. Hata hivyo, kijani ni shamba lililonyeshewa na taa ya kupita, nyekundu ni simama. Kwa maoni yangu mizani haikuwa sawa.

Picha nzuri zaidi kwa ufundi, na naisifu bila kujali chama, ilikuwa wilbaro ya chama cha UDA mwaka 2022 na maneno yake, "Kazi ni kazi". Kitenzi chake ni kusukuma, na anayesukuma wilbaro anajulikana kila soko. Kampeni nyingi kabla ya hapo zilikuwa zikimuuliza mpiga kura kabila lake. Hiyo ilimuuliza kama anatokwa na jasho. Hayo ni mabadiliko makubwa. Ila wilbaro haisemi imebeba nini, wala mzigo ni wa nani, na hakuna aliyeuliza hilo uwanjani kwa kuwa picha haikuwa na nafasi ya swali hilo.

Kanaani ya 2017, nchi ya ahadi ambayo muungano wa NASA ulisema utawafikisha watu, ilikuwa na tatizo lake. Safari ya Kanaani ina Misri nyuma, jangwa katikati na mto mbele, kwa hiyo lazima apatikane Farao. Ukishindwa hujashindwa, bado hujafika. Na anayeuliza gharama ya safari anakuwa yule mnung'unikaji wa jangwani. Biblia hiyohiyo ndiyo iliyotoa jina Zakayo, alilobandikwa Rais Ruto, wakati wa hasira za kodi za 2023 na 2024. Mtoza ushuru yuko juu ya mti, na maandiko yenyewe yanamwambia ashuke. Vijana walioimba "Zakayo shuka" hawakuhitaji kumfafanulia bibi yeyote Mswada wa Fedha. Jina lilikuja na amri yake.

Sasa suti. Hii nataka uielewe kabisa kwa sababu ndiyo itakayokukuta hapo mtaani Kondele. Wanasiasa wa Nyanza huwaomba watu wapige kura ya suti, yaani wachague wagombea wa chama kimoja kwa viti vyote sita, vipande sita kutoka kitambaa kimoja. Kitenzi ni kuvaa, na aibu imo ndani: nani anataka kuonekana na koti la bluu na suruali ya kahawia? Lakini mpiga kura hupewa karatasi sita, rangi sita, na masanduku sita yenye vifuniko vya rangi hizo, kwa sababu hayo ni maamuzi sita. Mwakilishi wadi kazi yake mojawapo ni kumkagua gavana: bajeti, barabara, dawa za zahanati. Ukiwashona wawili hao kwa uzi mmoja, mkaguzi anadaiwa na fundi aliyemshona. Kama mgombea wako hatoki chama kikubwa, usiitukane suti, watu wanaipenda. Wape picha nyingine yenye kitenzi kingine. Timu ya mpira, kwa mfano: kila nafasi na mchezaji wake, wala hakuna anayempanga kipa kwa sababu anafanana na mshambuliaji.

Akiwa mgombea huru, alama yake sharti ikubaliwe na tume ya uchaguzi, IEBC, na isifanane na ya chama chochote. Pendekezeni tatu au nne, si moja. Kila moja ichorwe kwa wino mweusi mtupu, ipunguzwe hadi ukubwa wa kucha ya kidole gumba, kisha mwonyeshe mama anayeuza omena asiyevaa miwani. Asipoitambua, itupe, hata iwe nzuri namna gani kwenye bango. Kosa la kawaida ni kuweka vitu viwili katika alama moja, mkono umeshika tochi, sijui na jua nyuma. Kwenye karatasi ya kura huwa doa jeusi.

Halafu uliza kitenzi. Panga: mgombea awe mpole kama njiwa, umati utaitikia "fyeka". Fagio linafaa likiwa na kitu cha kufagia kilichotajwa, takataka za soko au wizi wa pesa za wadi. Ukiacha wazi, mtu mwingine atakuja jukwaani kukutajia nani wa kufagiwa. Hapo ndipo ajali nyingi hutokea. Kitenzi kinaachwa bila yambwa, yaani yule anayetendewa, na umati unaijaza wenyewe. "Tutawaonyesha." Akina nani? Kuonyesha nini? Ukiona kauli mbiu yenye "wa" katikati ya kitenzi na haijulikani hao ni nani, ifute.

Mwito na kiitikio utumie, ila kwa uangalifu. Marehemu Raila Odinga alikuwa akisema "Kitendawili!" na uwanja mzima unajibu "Tega!", watu wamekubali kusikiliza kabla hawajajua watasikia nini. Ni chombo chenye nguvu kwa sababu mdomo hutangulia kichwa. Kwa hiyo kiitikio chako kiwe kitu ambacho mtu hatakionea haya akikirudia nyumbani, mbele ya mpangaji mwenzake wa kabila jingine.

Mimi ningechagua ufunguo. Unaonekana hata ukiwa mdogo, kila nyumba inao, na kitenzi chake ni kufungua. Mwito, "Tufungue!" Kiitikio kisiwe jina la mgombea. Kiwe jina la kitu kilichofungwa katika wadi hiyo, choo cha soko au zahanati isiyo na muuguzi usiku, na kila mtaa uwe na chake. Zungukeni mwezi mzima mkiandika watu wanasema nini kimefungwa, kabla hujampelekea mchapaji hata fulana moja. Rangi iwe yoyote iliyo mbali na za vyama vikubwa, na maneno ya kitu kile yachapwe makubwa kuliko uso wa mgombea.

Mjomba wako